Okestra za Studio Enzi za Runinga ya Mubashara: Dhana na Ukweli

Dhana: Muziki ulikuwa wa kanda, wanamuziki walijifanya kupiga.
Nchini Marekani walipiga kweli. Chama chao, chini ya James Petrillo, kiliwazuia wanachama kupiga kwenye runinga hadi Machi 1948. Zuio lilipoondolewa, tarehe 20 mwezi huohuo mashirika ya utangazaji CBS na NBC yote yalirusha tamasha la okestra. Juni, CBS ikaanzisha kipindi cha burudani mchanganyiko cha mtangazaji Ed Sullivan, mubashara kila Jumapili, na okestra ya Ray Bloch ikawa nguzo yake.

Dhana: Kiongozi wa okestra alipunga fimbo tu.
Alibeba saa ya kipindi kizima. Mchekeshaji akizidisha muda, sekunde zilikatwa kwenye muziki. Kwa mwendo wa mapigo 120 kwa dakika, vipimo 8 (mafungu ya muziki) vya mapigo manne kila kimoja ni sekunde 16. Ukifuta vipimo 16 umeokoa sekunde 32. Makato hayo yalichorwa kwa penseli kwenye karatasi ya nota ya kila mpigaji. Karatasi moja ikisahauliwa, tromboni ya pili inabaki nyuma wakati wenzake wamesharuka, na nchi nzima inasikia.

Pazia likikwama, shida ni kinyume: okestra inazungusha vipimo 2 au 4 mpaka kiongozi atoe ishara ya kusonga mbele. Kodi (noti kadhaa zinazopigwa kwa pamoja) ya mwisho ya mzunguko lazima irudi kwenye ya kwanza bila kugutusha, la sivyo mtazamaji anajua kuna jambo limeharibika.

Dhana: Walifanya mazoezi wiki nzima.
Hapana. Wasanii wageni walikuja na karatasi zao, okestra ikazisoma papo hapo. Sullivan alikuwa na mazoezi kamili mbele ya watazamaji Jumapili mchana, kisha akapangua orodha, akafupisha huyu na kumwondoa yule. Saa chache kabla ya kwenda hewani, karatasi zilipangwa upya kwenye kila stendi. Huo ndio ustadi unaostahili heshima zaidi.

Dhana: Sauti ya kukwaruza kwenye rekodi za vipindi hivyo ni dalili ya okestra hafifu.
Kabla ya kanda za video za kampuni ya Ampex mwaka 1956, kipindi kilihifadhiwa kwa kuelekeza kamera ya filamu kwenye skrini ya runinga. Sauti ilibanwa kwenye ukanda mwembamba pembeni mwa filamu, ikapoteza sauti nyembamba za juu. Matoazi na fidla huumia kwanza. Ukitaka kuwapima wanamuziki wenyewe, sikiliza kama tarumbeta zinaingia pamoja na kukata noti ya mwisho kwa pigo moja.