Unataka Kurekodi Filamu za Makala? Anzia Matangani

Vijana wa Kisumu wanaotaka kushika kamera kwenye filamu za makala huniuliza wanunue kamera gani. Mimi huwauliza: umewahi kurekodi matanga?

Sitanii. Huku Nyanza harusi na mazishi ndizo hutulipia kodi ya nyumba, ingawa wengi huona haya kuzitaja. Kwangu mazishi ni shule kuliko harusi. Bwana harusi ukimwomba arudie kuvisha pete, atarudia. Jeneza halishushwi mara mbili. Basi unajifunza kumsikiliza mfawidhi huku jicho liko kwenye lenzi, umjue anayeitwa kusema na uwe umeshafika mbele yake kabla hajainuka. Unajifunza kwamba kabla ya kuwasha chochote kuna mzee wa boma wa kusalimiwa, na kwamba mjane akiinua mkono, kamera inashuka bila mjadala. Mwongozaji wa makala anamtafuta mtu wa namna hiyo hasa.

Kisha mwanga. Kisumu imelalia ikweta, na jua la hapa hupanda karibu wima, takriban nyuzi 15 kwa saa. Huchomoza kama saa kumi na mbili unusu. Ikifika saa nne, macho ya mtu yamezama kwenye kivuli cha paji lake. Kwa hiyo wavuvi wa omena pale Dunga, ufuoni mwa Ziwa Victoria, nawarekodi wakirudi asubuhi, na mahojiano ya mchana nayapeleka chini ya mwembe. Wala usiiachie kamera ijichagulie mwanga: ikiona ziwa linametameta nyuma, itapunguza mwanga na uso mweusi utapotea. Pima mwanga wa uso. Ziwa likiungua kwa mwanga, liungue.

Ndani ya nyumba, kumbuka umeme wetu ni wa hezi 50. Weka fremu 25 kwa sekunde na shata, yaani muda ambao kila fremu hupokea mwanga, 1/50 ya sekunde, la sivyo taa za tyubu zitapepesa kwenye picha, na hutaligundua hilo hadi ufike kwa mhariri.

Vibali navyo: leseni ya kurekodi ni KFCB, bodi ya filamu; droni ni KCAA, mamlaka ya usafiri wa anga; na ukiingia mbuga ya Ziwa Nakuru utaongea na KWS, shirika la wanyamapori. Mwongozaji akisema mambo hayo yameshughulikiwa, omba uone karatasi, kwa sababu askari atakayefika atamwendea aliyeshika kamera.