Katiba za nchi tatu, kitivo kimoja: wahitimu wa sheria wa Mlimani

Msimu wa udahili ukifika, wazazi na vijana wanaotaka kusomea sheria huanza kwa kuuliza majina. Nani kasoma pale? Kwa Shule Kuu ya Sheria ya Chuo Kuu cha Dar es Salaam, yaani Mlimani, jibu ni refu: majaji wakuu, mawaziri wakuu, spika, naibu katibu mkuu wa Umoja wa Mataifa. Ila majina yakitajwa kavukavu namna hiyo yanabaki kuwa majina tu. Afadhali kuanzia mwaka 1961.

Tarehe 25 Oktoba mwaka huo, wiki chache kabla ya Tanganyika kupata uhuru, chuo kishiriki cha Chuo Kuu cha London kilifunguliwa katika jengo la TANU, Mtaa wa Lumumba. Kilikuwa na kitivo kimoja tu, nacho ni cha sheria, chini ya Profesa A. B. Weston, na wanafunzi wake hawakufika 20. Kwa nini sheria itangulie? Kwa sababu udaktari na ualimu vilikwisha kupata pa kusomea Makerere, lakini shahada ya sheria haikufundishwa popote Afrika Mashariki. Aliyeitaka alifunga safari mpaka London, na serikali ya kikoloni haikuwa na haraka ya kumlipia Mwafrika safari hiyo. Maana mwanasheria anajua kuuliza maswali. Uhuru ulipofika, wanasheria Waafrika wa Tanganyika walihesabika kwa vidole, na serikali mpya ilihitaji mahakimu, waendesha mashtaka na waandishi wa sheria mara moja.

Mwaka 1963 chuo kikawa sehemu ya Chuo Kuu cha Afrika Mashariki, na vyuo vikagawana kazi: Makerere udaktari, Nairobi uhandisi, Dar es Salaam sheria. Hapo ndipo penye siri ya orodha yenyewe. Kwa miaka kadhaa Mkenya, Mganda na Mtanzania waliotaka shahada ya sheria bila kuvuka bahari walikaa darasa moja Dar es Salaam. Makerere ilianza kufundisha sheria mwaka 1968, na Nairobi mwaka 1970.

Angalia matunda yake katika jambo moja tu, uandishi wa katiba. Benjamin Odoki, aliyehitimu mwaka 1969, aliongoza tume iliyozaa Katiba ya Uganda ya mwaka 1995, kisha akawa Jaji Mkuu wa nchi hiyo kuanzia 2001 hadi 2013. Kenya ilipopata katiba mpya mwaka 2010, Mwanasheria Mkuu wa Serikali alikuwa Amos Wako, mhitimu wa Dar es Salaam, na Jaji Mkuu wa kwanza kuteuliwa chini ya katiba hiyo alikuwa Willy Mutunga, aliyechukua shahada ya kwanza na ya uzamili palepale. Hao wawili walifika kwa njia tofauti kabisa: Mutunga aliwekwa kizuizini mwaka 1982 akiwa mhadhiri, ilhali Wako alikaa katika ofisi ya Mwanasheria Mkuu miaka 20. Tume ya mapitio ya katiba iliyotangulia huko Kenya, kuanzia mwaka 2000, iliongozwa na Yash Ghai. Huyo hakusoma Dar, alifundisha.

Tanzania nako ni hivyo hivyo. Joseph Warioba alihitimu mwaka 1966. Amekuwa Mwanasheria Mkuu wa Serikali, Waziri Mkuu kuanzia 1985 hadi 1990, jaji wa mahakama ya kimataifa ya sheria ya bahari, na mwenyekiti wa tume iliyochunguza kero ya rushwa mwaka 1996. Mwaka 2012 alikabidhiwa Tume ya Mabadiliko ya Katiba. Tume hiyo, ambayo Palamagamba Kabudi wa Mlimani naye alikuwa mjumbe, ilipendekeza muundo wa serikali tatu: ya Tanganyika, ya Zanzibar na ya Muungano. Miongoni mwa waliojitokeza hadharani kuikosoa rasimu alikuwa Issa Shivji, ambaye naye ni zao la kitivo hichohicho. Binafsi naona mabishano hayo yanakieleza kitivo vizuri kuliko wingi wa vyeo vya waliopita pale.

Shivji mwenyewe anastahili aya yake. Alihitimu mwanzoni mwa miaka ya 1970, akabaki kufundisha, na miaka ya 1991 na 1992 aliongoza tume ya rais iliyozunguka nchi kusikiliza migogoro ya ardhi. Tume ilipendekeza mamlaka ya mwisho juu ya ardhi yasibaki mikononi mwa Rais. Sheria za ardhi za mwaka 1999 hazikufuata: ardhi yote iliendelea kuwa ya umma chini ya Rais kama mdhamini, na hivyo ndivyo ilivyo hadi leo kwa kila mwenye shamba kijijini au kiwanja mjini.

Upande wa majaji, Augustino Ramadhani hana mfano. Alikuwa brigedia wa jeshi, Jaji Mkuu wa Zanzibar, Jaji Mkuu wa Tanzania kuanzia 2007 hadi 2010, kisha Rais wa Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu iliyopo Arusha, na juu ya hayo alipata upadri wa Kanisa Anglikana. Waliomfuatia, Mohamed Chande Othman na Ibrahim Hamis Juma, nao ni wa Mlimani. Juma alikuwa mhadhiri wa sheria kabla ya kuwa jaji.

Wanawake walikuwa wachache mno mwanzoni. Julie Manning, mmoja wa wa mwanzo kabisa kusomea sheria Dar es Salaam, alikuwa Waziri wa Sheria mwaka 1975, wakati wanawake walipoingia baraza la mawaziri kwa mara ya kwanza. Asha-Rose Migiro alifundisha sheria kabla ya kuwa Naibu Katibu Mkuu wa Umoja wa Mataifa mwaka 2007. Tulia Ackson, naye mhadhiri, alichaguliwa Spika mwaka 2022 na rais wa Umoja wa Mabunge Duniani mwaka 2023. Tundu Lissu, aliyeongoza Chama cha Mawakili cha Tanganyika, alitoka kitivo hichohicho na kwenda upande wa pili wa siasa.

Sasa la kumsaidia mzazi. Majina haya hayamfanyi mtoto kuwa wakili, na hata shahada yenyewe haitoshi. Baada ya chuo kikuu, chochote kile, mhitimu anayetaka uwakili hupitia Taasisi ya Mafunzo ya Uanasheria kwa Vitendo, iliyoanzishwa kwa sheria ya mwaka 2007. Si mlango wa kupita kwa jina la chuo. Mwaka 2022 matokeo yalitikisa nchi: kati ya watahiniwa 633, waliofaulu moja kwa moja walikuwa 26. Waziri akaunda kamati ya kuchunguza, akamkabidhi Harrison Mwakyembe, aliyewahi kufundisha sheria Mlimani. Anayefaulu huko ndipo anapoapishwa na Jaji Mkuu na jina lake kuingizwa kwenye daftari la mawakili. Ukiletewa mtu anayejiita wakili, usiombe cheti cha chuo. Tafuta jina lake katika mfumo wa e-Wakili wa Mahakama, na uangalie kama ana leseni ya mwaka huu.