Mgogoro wa Bonasi: Maana Yake

Mgogoro wa bonasi ni mvutano kati ya mwajiri na wafanyakazi kuhusu malipo yanayotolewa juu ya mshahara, kwa kawaida mara moja kwa mwaka, na hasa kuhusu nani anastahili kulipwa na kwa kipimo gani. Bonasi isichanganywe na marupurupu, ambayo huandamana na mshahara wa kila mwezi, wala na kiinua mgongo, ambacho mtu hulipwa anapoacha kazi.

Kiini cha mvutano ni kama bonasi ni hisani au ni ujira. Nchini India, viwanda vya nguo vya Bombay vilianza kuilipa wakati wa Vita Kuu ya Kwanza, na wenye viwanda walipoisitisha, wafanyakazi waligoma mwaka 1924. Kamati iliyochunguza suala hilo ikaamua kuwa hawakuwa na dai lolote, si la kisheria wala la kimila. Sheria ya mwaka 1965 ndiyo iliyoigeuza kuwa haki, na kima cha chini kikaja kuwa asilimia 8.33 ya mshahara wa mwaka, yaani takriban mshahara wa mwezi mmoja, hata kampuni ikipata hasara. Wafanyakazi wa reli, kwa kuwa waliajiriwa na serikali, waliachwa nje. Bonasi ilikuwa mojawapo ya madai ya mgomo wao mkubwa wa Mei 1974.

Matabaka kati ya wafanyakazi hutokana pia na hesabu yenyewe ya bonasi. Marekebisho ya sheria hiyo mwaka 2015 yalimpa haki hiyo anayelipwa hadi rupia 21,000 kwa mwezi, lakini asilimia ikahesabiwa juu ya rupia 7,000 kwa mwezi au kima cha chini cha mshahara, chochote kilicho kikubwa zaidi, si juu ya mshahara wake wote. Hivyo, pale ambapo kima hicho hakikuzidi 7,000, mtu wa rupia 18,000 kwa bonasi ya chini kabisa alipata takriban 7,000 kwa mwaka mzima, na mwenzake wa rupia 21,500 hakuwa na cha kudai kisheria. Kwa maoni yangu, hapo sheria ilitoa kwa mkono mmoja na kunyang'anya kwa mwingine.

Mgogoro mgumu zaidi ni wa watu wawili wanaosimama kwenye mashine moja: mmoja ameajiriwa na kiwanda, na chama chake kinaweza kumpigania hadi asilimia 20, ambayo ndiyo kikomo cha sheria, wa pili ameletwa na wakala wa ajira, naye akidai bonasi kubwa kama hiyo, kiwanda humwambia kuwa mwajiri wake ni wakala.