Mserereko: daraja lililochelewa linavyokula pensheni

Kuserereka ni kuteleza. Katika ofisi za umma Tanzania, neno mserereko limepata maana yake ya pekee: ni kumpandisha daraja mtumishi aliyeachwa nyuma bila kumfanya asubiri upya miaka yote ambayo muundo wa utumishi unadai, ili awafikie wenzake aliostahili kuwa nao.

Chimbuko lake si siri. Juni 2016 Serikali ilisimamisha kupandisha vyeo ili kuhakiki watumishi hewa na vyeti. Mwaka 2017 uhakiki wa vyeti uliwataja watumishi 9,932 wenye vyeti vya kughushi. Lakini waliosimama njiani hawakuwa hao tu. Walimu, wauguzi na makarani wenye vyeti halali nao walikaa daraja moja, na wengine barua za kupanda walikuwa wameshazishika mkononi. Hasara ya miaka ile wanaibeba mpaka leo.

Wengi huiona hasara hiyo kwenye mshahara wa mwezi, na hawaioni inakoishia. PSSSF, mfuko wa hifadhi ya jamii wa watumishi wa umma ulioundwa mwaka 2018 kwa kuunganisha PSPF, LAPF, PPF na GEPF, haukokotoi mafao kwa mshahara wa mwisho. Unachukua wastani wa mshahara wa mwaka katika miaka mitatu bora ndani ya miaka kumi kabla ya kustaafu, unazidisha kwa miezi uliyochangia, kisha unagawa kwa 580 kupata pensheni ya mwaka; sehemu inayolipwa kwa mkupuo huzidishwa kwa 12.5. Kwa hiyo daraja linalokuja ukiwa umebakiza miezi 12 tu kazini linaingia kwenye theluthi moja ya wastani huo. Theluthi mbili zinabaki kwenye mshahara wa zamani.

Tuchukue watumishi wawili, kila mmoja amechangia miezi 360 na anapata asilimia 40 ya mafao kwa mkupuo. Wastani wa mmoja ni shilingi 1,200,000 kwa mwezi. Mwenzake, aliyecheleweshewa daraja, ni 1,000,000. Wa kwanza anapokea mkupuo wa takriban milioni 44.7, wa pili milioni 37.2. Halafu kila mwezi, maisha yao yote, wa kwanza anamzidi mwenzake kwa karibu shilingi 74,000. Kelele za kikokotoo, yaani kanuni ya kukokotoa mafao, zilihusu zaidi asilimia ya mkupuo: 25 iliyositishwa Desemba 2018, 33 iliyoanza Julai 2022, na nyongeza iliyotangazwa kwenye bajeti ya 2024. Zilikuwa kelele za haki. Ila daraja lililozuiwa hukata mkupuo na pensheni ya mwezi kwa pamoja, na halipigiwi kelele hata robo ya hizo.

Sasa, je, daraja ni haki ya kudai mahakamani? Hapa ndipo kesi nyingi zinapokwama. Kupandishwa kunategemea sifa, utendaji, nafasi kwenye ikama (orodha ya nafasi za kazi zilizoidhinishwa) na fedha kwenye bajeti; kutimiza miaka peke yake hakumpi mtu cheo. Asiye na barua anaweza kulalamika kwamba amerukwa kwa upendeleo au kinyume cha utaratibu, na akishinda, kwa kawaida mwajiri ataamriwa kulishughulikia suala lake upya. Mwenye barua iliyosainiwa ambaye mshahara haukubadilishwa ana madai ya aina nyingine kabisa: anadai malimbikizo, yaani tofauti ya mshahara tangu tarehe iliyoandikwa kwenye barua. Na asisahau kudai michango ya tofauti hiyo ipelekwe Mfuko, asilimia 15 ya mwajiri na 5 yake. Malimbikizo yakilipwa bila michango, kumbukumbu za Mfuko zinabaki na mshahara wa zamani.

Njia ya kupeleka madai nayo ina mtego. Kifungu cha 32A cha Sheria ya Utumishi wa Umma, kilichoongezwa mwaka 2016, kinamtaka mtumishi amalize kwanza njia za ndani za sheria hiyo kabla ya kugusa sheria za kazi. Anayekimbilia Tume ya Usuluhishi na Uamuzi moja kwa moja hutupiwa shauri nje, hata kama madai yenyewe yana uzito. Aanze kwa mwajiri, kwa maandishi, kisha rufaa kwenye Tume ya Utumishi wa Umma. Muda wa rufaa ni siku 45. Akitaka Mahakama Kuu ifanye mapitio ya uamuzi, maombi ya kibali yanatakiwa ndani ya miezi sita. Nimeona watu wakiumaliza muda huo wote wakizungushwa kwa maneno ya mdomo: njoo wiki ijayo, faili liko kwa mkubwa. Maneno hayo hayana tarehe wala muhuri, na mahakama haiwezi kuyasoma.

Mwenye kesi ngumu kuliko wote ni yule ambaye barua yake imetoka akiwa ameshastaafu. Kwake, kila kitu kinategemea mstari mmoja: cheo kinaanza lini. Ukisema kinaanza siku aliyokuwa bado kazini, ana msingi wa kuomba mafao yakokotolewe upya. Ukisema kinaanza tarehe ya kusainiwa, ameshika karatasi isiyobadilisha hata shilingi moja.