Brock wa Breaking Bad: watu wanavyokumbuka, na kilichotokea kweli

Kama hujamaliza Breaking Bad, ile tamthilia ya Marekani ya mwalimu wa kemia Walter White (Walt) anayegeuka mpika dawa za kulevya, usiendelee kusoma, maana hapa nataja kila kitu mpaka mwisho. Kwa waliomaliza nataka tuongelee Brock Cantillo, yule mtoto wa Andrea, mpenzi wa Jesse Pinkman anayepika na Walt, kwa sababu kila mjadala wa hii tamthilia ukifika kwake watu wanaanza kusimulia vitu ambavyo havikutokea kabisa. Na ukiangalia vizuri, karibu kila kosa wanalofanya linamsaidia Walter White. Ukikumbuka vibaya habari ya Gus Fring, bosi wa dawa za kulevya aliyekuwa adui wa Walt, Walt anapona lawama. Ukikumbuka vibaya habari ya sumu, Walt anapona tena, na mtoto ndo anazidi kusahaulika.

Tuanze na ile kubwa kuliko zote, kwamba Brock alipewa sumu ya risini. Hapana. Brock hakuwahi kugusa risini hata chembe. Najua kwa nini watu wanaamini hivyo, sababu Jesse mwenyewe aliamini hivyo na sisi tulikuwa tunaangalia kupitia macho yake. Msimu wa 4 ile risini ilikuwa imefichwa ndani ya sigara moja kwenye pakiti ya Jesse, mpango ulikuwa amuwekee Gus Fring. Sasa kwenye episodi ya End Times, Brock anakimbizwa hospitali, Jesse anaangalia pakiti yake, sigara haipo, na hapo hapo anaunganisha na kumwambia Andrea awaambie madaktari wapime risini. Ila episodi inayofuata, Face Off ya tarehe 9 Oktoba 2011, majibu yanatoka na Jesse mwenyewe anamwambia Walt kwamba ilikuwa mmea unaitwa Lily of the Valley, ambao watoto wanaweza kula matunda yake madogo mekundu. Halafu picha ya mwisho kabisa ya msimu kamera inasogea taratibu nyuma ya nyumba ya Walt mpaka kwenye chungu cha maua, na kibao chake kinasomeka jina lile lile.

Tofauti ya hizi sumu mbili si kitu kidogo, na nadhani watu wengi hawajaitilia maanani. Risini inatoka kwenye mbegu za mnyonyo, inaingia kwenye seli na kuzuia zisitengeneze protini, na mpaka leo haina dawa ya kuifuta mwilini, hospitali wanachofanya ni kukusaidia upumue na usiishiwe maji wakisubiri kama mwili utashinda. Lily of the Valley ni kitu kingine kabisa, ndani yake kuna kemikali zinazoshambulia moyo, zinafanana kazi na ile dawa ya moyo inaitwa digoxin, kwa hiyo mgonjwa anatapika, mapigo ya moyo yanavurugika na yanaweza hata kusimama. Hii angalau hospitali wana pa kuanzia, kuna kingamwili za kupambana na digoxin ambazo zinaweza kutumika. Yaani kama ingekuwa risini kweli, habari ya Brock ingekuwa nyingine.

Na sigara je? Ilichukuliwa na Huell, yule bodigadi wa Saul Goodman, wakili wa Walt na Jesse, alipomsachi Jesse ofisini kwa Saul. Hapa ndo inazaliwa dhana nyingine kwamba Huell au Saul ndo walimpa mtoto sumu. Hapana, wao walihusika na sigara tu. Kwenye Confessions ya mwaka 2013 Jesse anamvamia Saul ofisini, anampiga, anamwelekezea bastola, na Saul anakiri kwamba Walt ndo alimwomba sigara itolewe mfukoni kwa Jesse, ila anasema hakujua kama kuna mtoto ataumizwa. Unaweza usimwamini Saul kwa mengi, mimi pia simwamini kwa mengi, lakini hakuna mahali popote tamthilia inaonyesha kwamba alijua kabla.

Kuna wanaosema mpaka leo kwamba Gus ndo alifanya. Huu ndo uongo ambao Walt aliutengeneza na bado unafanya kazi kwa watazamaji miaka yote hii, inashangaza kwa kweli. Angalia alivyoujenga. Gus alikuwa anataka kumuua Walt, na kilichokuwa kinamzuia ni Jesse kukataa. Walt naye alikuwa anamhitaji Jesse arudi upande wake dhidi ya Gus. Na kuna historia ya kumuunga mkono, maana Tomás, mdogo wake Andrea, alitumiwa na wauza unga wa Gus kumuua Combo, rafiki wa Jesse, na mwisho wakamuua na yeye. Kwa hiyo Walt akimwambia Jesse nani unamjua ambaye anaweza kutumia mtoto, jibu lilikuwa tayari kichwani kwa Jesse. Walt alichukua kifo cha mtoto mmoja wa familia ile akakigeuza kuwa ushahidi wa uongo kuhusu mtoto wa pili wa familia ile ile. Hilo huwa nalifikiria sana nikiona mtu anasema "Walt alibadilika kidogo kidogo". Pale hapakuwa na kidogo kidogo.

Na kwa kuwa nimemtaja Tomás, tuweke sawa na hili haraka. Watoto watatu huwa wanachanganywa. Tomás ni mdogo wake Andrea, aliuawa msimu wa 3. Yule mtoto wa kwenye pikipiki jangwani, aliyekuwa na buibui kwenye chupa, ni Drew Sharp, alipigwa risasi na Todd, kijana aliyekuwa akifanya kazi na Walt, kwenye Dead Freight ya mwaka 2012 baada ya wizi wa treni. Brock ni mtoto wa Andrea na hakufa. Narudia maana hili naliona mara nyingi kuliko yote, mtu anaandika kwa uhakika kabisa "Brock alikufa hospitali". Alipona. Jesse anamwambia Walt juu ya paa la maegesho ya hospitali kwamba mtoto atapona, na msimu wa 5 tunamuona Brock mzima, kwenye Hazard Pay amekaa kwenye kochi moja na Walt.

Hiyo sini ya kochi nayo imezaa dhana yake. Watu wanasema, mbona Brock hakumtambua Walt, hakushtuka, kwa hiyo Walt hakuwahi kumkaribia. Kwanza hatujaonyeshwa sumu ilivyoingia mwilini kwa mtoto, tamthilia iliamua kuliacha hilo nje ya skrini. Vince Gilligan, aliyeitunga, aliwahi kueleza kwenye mahojiano kwamba waandishi walifikiria Walt alitumia pakiti ya juisi, na kwamba muda wa kufanya hivyo ulikuwepo ingawa ni wa kubana. Sasa mtoto aliyekunywa juisi kama kawaida yake hana sababu ya kushtuka akimuona mzee wa miwani amekaa karibu naye. Mimi ile sini inaniumiza kwa sababu hiyo hiyo, Brock hana habari, na mtu mzima pekee mwenye habari mle ndani ni yule aliyefanya.

Halafu kama kuna mtu bado ana wasiwasi, Walt mwenyewe alikiri. Kwenye To'hajiilee, Jesse anamdanganya kwamba amezipata hela zake jangwani na atazichoma, Walt anaendesha gari kama kichaa huku anaongea kwenye simu, na katika kubembeleza na kufoka anamwambia Jesse kwamba Brock yuko hai, yuko salama, kama alivyopanga, na kwamba alijua kabisa kiasi gani cha kumpa. Hapo hakuna tena cha kubishania kuhusu nani alifanya.

Ila hapo hapo ndo inaanza dhana ninayoiona mbaya kuliko zote, na naikuta hata kwa watu wanaoijua tamthilia vizuri. Wanasema basi, Walt ni mkemia, alipima, hakukusudia mtoto afe kwa hiyo hakukuwa na hatari. Jamani. Hayo ni maneno ya Walt akijitetea, ni yeye mwenyewe anayesema alipima. Na ukirudi kwenye mmea wenyewe, karibu kila sehemu ya Lily of the Valley ina sumu, majani, maua, matunda, mizizi, na kuna zaidi ya aina 30 za hizo kemikali za moyo ndani yake, na kiwango chake hakilingani sehemu hadi sehemu wala mmea hadi mmea. Hakuna kipimo cha kuaminika cha kusema hiki kitamlaza mtoto mahututi lakini hakitamuua, hasa mtoto ambaye humjui uzito wake wala moyo wake ukoje. Na tusisahau kwamba wakati mtoto yuko hospitali madaktari walikuwa wanaambiwa watafute risini, kitu ambacho hakipo. Kupona kwa Brock hakuthibitishi kwamba Walt alijua anachofanya, kunathibitisha tu kwamba mtoto alipona.

Pia wapo wanaosema Jesse aligundua mapema akanyamaza, wengine wanasema hakugundua kabisa. Yote si kweli. Msimu wa 5 Walt alitengeneza sigara bandia, akaitupia ndani ya ile mashine ya Jesse inayofagia sakafu yenyewe, wakaitafuta pamoja, Jesse akaipata akalia machozi akiomba msamaha kwa kumshuku Walt. Risini halisi Walt aliificha nyuma ya kifuniko cha soketi chumbani kwake. Jesse alikuja kuelewa kwenye Confessions, akiwa amesimama barabarani anasubiri gari la kumtorosha. Huell alikuwa amemchomolea bangi mfukoni bila yeye kuhisi, na akiwa pale ameshika pakiti ya sigara ndo akili ikaunganisha. Alikuwa amemwambia Saul anataka kwenda Alaska. Akaacha gari, akarudi. Na kurudi kule ndo kulimfikisha kwa Hank, shemeji yake Walt ambaye ni askari wa kupambana na dawa za kulevya, na Hank ndo akamkamata Walt kule To'hajiilee. Kwa hiyo wanaosema Brock alikuwa mhusika wa kujazia tu, bila yeye sijui hii hadithi ingefikaje mwisho.

Sasa tufike kwenye hatima yake, ambayo wengi wanaimaliza kwa sentensi moja ya "alipona". Kwenye Granite State Jesse anajaribu kutoroka kwa lile genge la Jack, mjomba wake Todd, linalomlazimisha kupika dawa za kulevya, anakamatwa, na adhabu yake ni kupelekwa kwa gari mpaka nje ya nyumba ya Andrea. Todd anagonga mlango, anajifanya ametoka kwa Jesse, Andrea anatoka barazani na Todd anampiga risasi Jesse akiangalia. Kuna wanaosema Brock alishuhudia, au naye aliuawa usiku ule. Hatuonyeshwi lolote kati ya hayo. Tunachojua ni kwamba aliachwa hai na genge likamtumia kama kitisho, ukijaribu tena kuna mtoto bado. Ndo kitu kilichomfanya Jesse aendelee kupika mpaka Felina, episodi ya mwisho. Kwa maana nyingine uhai wa Brock uligeuzwa kamba ya kumfunga Jesse, mara ya pili mtu anamtumia yule mtoto kumshika Jesse, mara ya kwanza ni Walt.

Genge likaisha kwenye Felina, tarehe 29 Septemba 2013, kwa hiyo kitisho kilikwisha, ila Brock haonekani tena. Kwenye El Camino, filamu ya 2019 inayoendeleza hadithi ya Jesse, pia haonekani, ingawa nimekuta watu wanaapa kwamba Jesse anakutana naye. Hawakutani. Kinachotokea ni kwamba Jesse anafikishwa Alaska, na kabla ya kuachana na Ed, yule anayewatorosha watu, anampa barua moja tu, ya Brock Cantillo. Hatusomewi kilichoandikwa ndani. Na Better Call Saul, tamthilia ya Saul iliyoisha 2022 na ikawarudisha Walt na Jesse kwa muda mfupi, haikumrudia yule mtoto.

Nani alimlea baada ya mama yake kufa, hakuna episodi inayosema, kwa hiyo ukiona mtu anakupa jibu la uhakika ujue amelitunga. Ukitaka kujiridhisha mwenyewe huna haja ya kurudia episodi zote 62, angalia End Times na Face Off, halafu Confessions, To'hajiilee na Granite State, umalizie na dakika za mwisho za El Camino, na safari hii usimwangalie Walt, mfuate Brock.