Mercury Akimkumbatia Gold: Dhana Potofu Kuhusu Mashujaa wa Elementi

Mwaka 1962 kampuni ya DC ya Marekani ilitoa katuni za Metal Men, roboti sita waliobuniwa na mwanasayansi wa hadithini, Will Magnus. Kila roboti ni metali yake, kwa jina na kwa tabia: Gold ni dhahabu, Iron chuma, Lead risasi, Mercury zebaki, Tin bati, na Platinum platinamu. Mwaka uliofuata akaja shujaa mwingine wa elementi, Element Lad, na baada yake Metamorpho. Ninafundisha kemia, na katuni hizi ninazipenda kwa dhati. Zimewavuta kwenye jedwali la elementi wanafunzi ambao kitabu cha kiada kilishindwa kuwavuta. Ila kuna mambo yanayorudi kila mwaka, mdomoni mwa watoto na wa watu wazima, na ni vizuri tuyanyooshe.

Dhana: zebaki ndiyo metali pekee iliyo kimiminika katika joto la kawaida.

Hili ni jigambo la Mercury mwenyewe, na halimwishi ulimi. Mimi humuuliza: joto la kawaida la wapi? Maabara nyingi za dunia huhesabu nyuzi 20 hadi 25 za Selsiasi, na hapo anasema kweli. Zebaki haigandi mpaka baridi ifike karibu nyuzi 39 chini ya sifuri. Lakini galiamu huyeyuka kwenye nyuzi 29.8, na sesiamu kwenye 28.5. Mchana wa Februari, Dar es Salaam au Mombasa, unapita hapo bila taabu.

Nina kipande cha galiamu kisichozidi punje ya mhindi. Asubuhi nakitoa kwenye jokofu kikiwa kigumu, nakiweka juu ya kisosi karibu na dirisha. Saa saba mchana pembe zake zimeanza kulegea. Saa tisa hakuna kipande tena, kuna tone la rangi ya fedha linalofuata mwinamo wa kisosi. Kinachonishangaza zaidi huja usiku: joto linashuka hadi nyuzi 26 na tone bado ni tone. Galiamu ikishayeyuka huchelewa sana kuganda, hata chini ya kiwango chake cha kuyeyukia, mpaka uirudishe kwenye jokofu au uiguse kwa kipande kingine kigumu cha galiamu. Kwa hiyo pwani kwetu Mercury ana wenzake wawili. Sesiamu lakini si ya kuweka kisosini: huwaka ikikutana na hewa na hulipuka ikikutana na maji.

Dhana: metali hizi sita zinaweza kuishi kundi moja bila kudhuriana.

Katunini ni ndugu, wanashikana mikono na kuokoana. Katika maumbile, Mercury ni hatari kwa nusu ya kundi. Zebaki humeza dhahabu, humeza bati, humeza risasi. Zikigusana hufanya mchanganyiko laini uitwao amalgamu. Vioo vya zamani vya Ulaya vilipakwa nyuma bati na zebaki kwa njia hiyohiyo. Anayeweza kumkumbatia Mercury bila wasiwasi ni Iron, maana chuma hakimezwi na zebaki, na ndiyo sababu zebaki ilisafirishwa miaka na miaka ndani ya chupa za chuma.

Hili wachimbaji wadogo wa Geita, Chunya na Migori wanalijua kuliko msomaji yeyote wa katuni. Kwenye mwalo, yaani mahali pa kuoshea dhahabu, mchanga uliosagwa ukishaoshwa, mtu humimina zebaki kidogo ndani ya karai na kukoroga, mara nyingi kwa mkono mtupu. Zebaki hutembea ndani ya tope ikiokota chembe za dhahabu ambazo jicho halizioni. Kisha huweka kwenye kitambaa na kukamua. Zebaki ya ziada hupenya, na ndani hubaki tonge la kijivu ambalo hata halifanani na dhahabu. Tonge hilo huchomwa motoni. Zebaki huchemka kwenye nyuzi 357, huondoka kama mvuke, na dhahabu hubaki na rangi yake. Mvuke ule hauonekani wala haunuki, na aliyeinamia moto anauvuta, pamoja na mama anayepika pembeni na mtoto aliye mgongoni mwake. Huenda kwenye ubongo na figo. Mkataba wa Minamata wa mwaka 2013 ulifanywa ili kupunguza madhara ya zebaki, na uchimbaji huu ni miongoni mwa mambo unayoyagusa moja kwa moja. Ninapomwona Mercury akimwinua Gold kwa mikono yake, siwezi kuacha kulifikiria karai lile.

Kuhusu Gold mwenyewe, wengi hudhani mtunzi Robert Kanigher alitia chumvi alipomfanya ajinyooshe mpaka awe utepe mwembamba. Hakutia. Gramu 1 ya dhahabu huweza kufuliwa mpaka ifunike karibu mita 1 ya mraba.

Dhana: Tin ndiye mnyonge, na bati ni lile la paa.

Tin ana kigugumizi na hajiamini, na msomaji wa Kiswahili anamwona kama kipande cha paa la nyumba. Hapa lugha yetu inatuchezea kidogo. Mabati ya kuezekea ni chuma kilichopakwa zinki. Hayana uhusiano na bati la kwenye jedwali, elementi ya 50. Bati lenyewe ukitaka kuliona, mtazame fundi redio: ule waya laini anaouyeyusha kwa ncha ya pasi yake kuunganisha nyaya ni bati, zamani likiwa limechanganywa na risasi. Limo pia ndani ya makopo ya chakula, limepakwa juu ya chuma kwa unene mdogo sana ili kisipate kutu. Likichanganywa na shaba hutoa metali ngumu kuliko zote mbili, ambayo watu walifulia panga na mashoka kwa karne nyingi kabla ya chuma. Mimi huyo siwezi kumwita mnyonge.

Dhana: kriptoni ni jiwe la kijani.

Jiwe linalomlegeza Superman huitwa kryptonite. Lilisikika kwanza kwenye mchezo wa redio mwaka 1943, likaingia katunini mwaka 1949. Kriptoni ni kitu kingine: gesi isiyo na rangi wala harufu, waliyoigundua William Ramsay na Morris Travers jijini London mwaka 1898. Imo hewani, takriban sehemu moja kwa kila milioni, na unaivuta sasa hivi. Kuna madini ya Serbia yaitwayo jadaraiti ambayo fomula yake inakaribiana na ile iliyobuniwa kwa ajili ya kryptonite kwenye filamu moja ya Superman. Ni meupe, yana lithiamu na boroni, na hayana kriptoni hata chembe.

Dhana: Metamorpho alipewa elementi zote.

Hapo mwanzo Rex Mason, ndiye Metamorpho, aliweza kugeuka tu elementi zilizomo mwilini mwa binadamu, na kwangu hiyo ndiyo kanuni nzuri kuliko zote katika katuni hizi. Mtu wa kilo 70 ana zaidi ya kilo 40 za oksijeni, kaboni kilo 12 hivi, kalisi karibu kilo 1. Chuma chake chote ni gramu 4 tu, kiasi cha msumari mmoja.

Element Lad yeye hubadili elementi moja kuwa nyingine, na watoto huuita mmenyuko wa kemikali. Sivyo. Kemia huhamisha elektroni tu. Kupata elementi nyingine lazima uguse kiini cha atomu. Mwaka 1980, Glenn Seaborg na wenzake kule Berkeley waliitoa dhahabu kutoka bismuthi kwa mashine ya kurusha chembe, kwa kiasi kidogo kisichotosha hata kipini.

Dhana: kitu chenye mionzi hung'aa kijani.

Radioactive Man, adui wa shujaa Thor katika katuni za kampuni ya Marvel tangu 1963, ana ngozi ya kijani, na tangu hapo rangi hiyo imeganda akilini mwa watu. Urani safi ni metali ya kijivu na haing'ai. Rangi ile ilitoka kwenye saa za zamani ambazo mishale yake ilipakwa rangi yenye radiamu. Sehemu ya radiamu hiyo ilitoka Shinkolobwe, Katanga, ambako mawe yalichimbwa na kusafirishwa hadi Ubelgiji kusafishwa. Kilichotoa mwanga wa kijani kilikuwa zinki salfaidi iliyochanganywa humo, ikipigwa na mionzi usiku na mchana. Baada ya miaka zinki salfaidi huchoka na saa hubaki giza. Radiamu huchukua miaka 1,600 kupungua nusu, kwa hiyo ndani ya saa iliyozimika karibu yote ingalipo.