Meli ya Khufu haikujengwa upya

Kila picha ya meli ya kale ya Misri inapozunguka mtandaoni, chini yake huandikwa yaleyale: "Meli ya Farao iliyojengwa upya." Kujenga upya ni kuunda chombo kipya, kwa mbao mpya, kwa kufuata ushahidi wa kile cha kale na mbinu za mafundi wake, ili ijulikane kilivyofanya kazi.

Sasa, meli ya Farao Khufu ilipatikana mwaka 1954 shimoni, kando ya Piramidi Kuu ya Giza, ikiwa vipande 1,224. Mtaalamu wa Misri wa kukarabati vitu vya kale, Ahmed Youssef Moustafa, alikwenda kwanza kuwatazama waunda mashua wa mto Nile, kisha akaiunganisha na kuifumua tena na tena mpaka kila ubao ukakaa mahali pake. Mwerezi wake wa Lebanon ni uleule uliochongwa miaka zaidi ya 4,500 iliyopita. Kazi hiyo inastahili heshima kubwa, ila ni kuunganisha.

Iliyojengwa upya ni meli iitwayo Min of the Desert. Mafundi wa mji wa Rashid, Misri, waliiunda pamoja na mwanaakiolojia Cheryl Ward, ikaingia Bahari ya Shamu mwaka 2008. Umbo lilitoka kwenye michoro ya hekalu la Deir el-Bahari, inayoonyesha msafara wa Farao mwanamke Hatshepsut kwenda nchi ya kale ya Punt. Mfano wa viungo ulitoka Wadi Gawasis, bandari ya kale ambako mbao zimekutwa zimetobolewa na viumbe wa baharini, kwa hiyo tunajua zilisafiri kweli. Ubao hushikana na mwenzake kwa ndimi za mbao zilizopachikwa matunduni, bila misumari.

Wengine husema meli ya Khufu ilishonwa "kama mtepe wetu". Ni kweli nusu. Kwenye mtepe, jahazi la kale la Waswahili, kamba ya makumbi hupenya ubao mpaka nje. Kwenye meli ya Khufu, kamba hupita katika matundu yaliyochimbwa upande wa ndani tu, kwa hiyo ukiitazama kwa nje huoni mshono hata mmoja.

Basi tuseme ya Khufu imeunganishwa, na Min imejengwa upya. Mbao nyingine zikifukuliwa kesho na kuonyesha kiungo tofauti, Min inaweza kuundwa tena kwa namna nyingine. Ya Khufu hairandwi hata ubao mmoja.